Kuchi Kumi na Mmoja wa Kalimoni

Tarehe 14 Machi 2024, siku ya Alhamisi, Urbanus Mwangangi wa Kalimoni aliandikisha kuku kumi na mmoja katika daftari la ofisi ya mifugo: jogoo mmoja, mitetea saba na matembe watatu ambao hawakuwa wameanza kutaga. Penye safu ya aina ya kuku, karani alikuwa ameandika "kienyeji". Urbanus aliomba kalamu, akalikata neno hilo kwa mstari mmoja ulionyooka, akaandika juu yake kwa herufi kubwa: KUCHI.

"Mzee, si kuku ni kuku tu?" karani akauliza.

"Na wewe na yule askari wa getini, nyinyi ni mtu mmoja?"

Alikuwa na miaka sitini na saba wakati huo. Kwa miaka thelathini aliendesha greda la kutengeneza barabara, na ilikuwa barabara iliyomfikisha Witu, Lamu, mwaka 1989. Huko alimwona mzee mmoja akilisha jogoo aliyemfika magotini, akakaa kumtazama hata wenzake wakamwacha. Alirudi Kalimoni na jogoo na mitetea wawili ndani ya tenga. Baadaye alirudi Witu mara mbili kutafuta damu mpya. Mara ya mwisho ilikuwa mwaka 2011. Yule mzee alikuwa amekufa, na wanawe walikuwa wameanza kuchanganya kuku wao na wale wa kisasa. Jogoo aliyempata safari hiyo ndiye aliyekuwa wa mwisho asiyechanganywa.

Mtu akimwona kuchi kwa mara ya kwanza hudhani kuna kitu kimemuudhi. Husimama wima, shingo ndefu, miguu mirefu. Manyoya ya kifuani ni machache hata ngozi nyekundu huonekana. Upanga wake si ule wa kupepea. Ni donge dogo lililolala juu ya kichwa, na chini yake macho yameingia ndani kama ya mtu anayesoma barua ya deni. Mtetea hutaga mayai machache kisha huatamia. Jogoo hapendi mwenzake. Majogoo wengine hupigana, mmoja akashindwa, akatoroka. Kuchi hajui sehemu hiyo ya pili ya ugomvi.

Jogoo wa Urbanus aliitwa Mkaguzi, kwa sababu kila asubuhi alizunguka banda lote kabla ya kugusa chakula.

Jina la kuchi lenyewe, hakuna aliyeweza kumwambia Urbanus lilikotoka. Witu aliambiwa habari tatu zisizopatana, akaziacha huko. Alichojua ni kwamba jina hilo lilikuwa na maana moja, na kwamba watu walikuwa wakiliharibu. Sokoni Thika, kila mwenye jogoo wa miguu mirefu alimnadi kuwa kuchi. Urbanus alisimama mbele ya matenga yao, akatazama upanga, akatazama kifua, akasema "Huyu siye," akaenda zake. Wachuuzi walimchukia.

Ili jina lisiharibiwe na mkono wake, alijiwekea sheria. Hakuna kuku wake aliyetoka nyumbani akiwa hai. Majogoo wa ziada walichinjwa. Mayai ya ziada yalichemshwa mpaka yakakauka, na mgeni aliyeomba yai la kuchi alipewa yai la kuchi, pamoja na chumvi ndani ya kipande cha gazeti. Watoto wa shule walimwita Mzee Boilo, kwa mayai yake ya kuchemsha. Alijua, wala hakujali. Yai lililochemshwa halitotoi kuchi wa uongo.

Wiki moja baada ya kuandikishwa, Kinuthia, afisa wa mifugo wa eneo hilo, alifika kuwaona. Alivua viatu vyake, akavaa gambuti za mwenyeji, akakanyaga ndani ya beseni la dawa lililowekwa mlangoni mwa banda. Aliwatazama kuku mmoja mmoja.

"Mzee," alisema mwishowe, "hizi kuku ziko mahali moja tu. Kitu kikiingia hapa, zimeisha. Gawa mayai. Watu watatu, wanne. Hata mimi nipe."

"Nikupe uchanganye na zile zako, halafu uite kuchi."

"Si utanifundisha?"

"Greda nilifundisha watu kumi na wawili. Kumi waliangusha mtaroni."

Kinuthia alicheka, lakini hakuliacha jambo. "Basi tuchanje. Kideri imeanza kusikika upande wa Ruiru."

"Niletee chupa, nitawadondoshea machoni mwenyewe."

"Chupa moja ni ya kuku mia, mzee. Ikifunguliwa haikai. Ndiyo maana tunachanja boma kwa boma, siku moja."

"Ndiyo nasema. Umetoka kwa Njau umeshika zake, unakuja kushika zangu."

Kinuthia alitazama mikono yake mwenyewe. Hoja ya Urbanus haikuwa ya kijinga, na hilo ndilo lililofanya iwe vigumu kumtoa hapo. Kuku wa jirani yake Njau walichanjwa. Wa ng'ambo ya barabara walichanjwa. Wale kumi na mmoja hawakuchanjwa.

Binti yake, Emmah, alikuwa ameolewa na Absalom, fundi wa umeme kutoka Kimilili, nao walipanga nyumba Gatongora. Desemba iliyotangulia, mama yake Absalom, Naliaka, alikuja kuwaona wakwe kwa mara ya kwanza. Kwao Bungoma, mkwe hatoki kwa mkwe mikono mitupu. Huondoka na kuku hai kwapani. Urbanus alimfungia mayai manne ya kuchemsha, na chumvi. Naliaka alicheka sana, akidhani ni utani na kwamba kuku anakuja nyuma. Kuku hakuja. Emmah alisema baadaye kwamba mama mkwe wake hakutamka neno mpaka walipofika Ruiru.

Waithira, mkewe Urbanus, alimwonya jioni hiyo hiyo. "Baba Emmah, umemtukana yule mama."

"Nimempa mayai ya kuchi. Nani mwingine anakula mayai hayo?"

Jumapili tarehe 28 Julai 2024, Naliaka alirudi. Alishuka kwenye gari akiwa na jogoo mwekundu kifuani, akasimama katikati ya uwanja ili kila mtu amwone.

"Karibu, mama Absalom," Urbanus alisema.

"Asante, baba Emmah. Safari hii sikuja peke yangu." Alimwinua yule jogoo. "Mimi sileti boilo. Mimi naleta mwenye kuwika."

Watu walicheka uwanja mzima. Absalom alitazama viatu vyake. Urbanus alicheka mwishoni.

"Huyu ni wa supu?" aliuliza, kwa matumaini.

"Supu gani? Huyu ni wa kufuga. Nikija mwaka ujao nataka kuona watoto wake."

"Ametoka Kimilili leo?"

"Ijumaa. Amelala kwa Absalom siku mbili, anazoea baridi yenu."

Urbanus aligeuka kwa binti yake, aliyekuwa akitoa sufuria nyuma ya gari. "Na kuku za hapo kwenu ziko sawa?"

"Ziko," Emmah alisema, akaingia jikoni na sufuria.

Kumkataa mbele ya watu, baada ya yale mayai manne, hakungewezekana. Hata kumchinja kulikuwa kugumu, kwa sababu Naliaka angekaa mpaka Ijumaa na kila asubuhi angeuliza habari za jogoo wake. Urbanus alifanya lililobaki. Alimfungia jogoo mwekundu ndani ya stoo ya zamani ya mahindi, hatua arobaini kutoka kwenye banda, na akaamua atakaa humo siku ishirini na moja. Alimlisha mwenyewe, na kila alipotoka stoo alibadilisha nguo na kunawa mpaka kwenye viwiko.

Jumatatu asubuhi, jogoo mwekundu aliwika.

Mkaguzi aliacha mzunguko wake. Alikuja kwenye waya upande wa stoo, akasimama. Hakujibu. Kuchi huwika kwa sauti fupi, nzito, inayokatika kabla hujazoea kuisikia, na siku hiyo Urbanus aliingoja lakini haikuja. Jogoo alisimama hapo mpaka jua likageuka. Jumanne hakula. Jumatano jogoo mwekundu aliwika mara moja tu, kwa sauti ya kukwaruza, na Mkaguzi akaanza kupiga kifua chake kwenye waya, si kwa hasira, bali kwa kipimo, kama mtu anayejaribu mlango.

"Huyu wako ana wivu," Naliaka alisema akinywa chai.

Urbanus aligeuza uso kuelekea stoo. Alikuwa akifikiria ile sauti ya kukwaruza.

Alhamisi, saa moja asubuhi, Waithira alifungua mlango wa banda ili afagie. Alichokumbuka baadaye ni kitu kizito kikimpita katikati ya miguu. Alipiga kelele. Urbanus alitoka mbio na gambuti moja mguuni.

Chini ya mlango wa stoo ubao mmoja ulikuwa umeoza. Mkaguzi alikuwa ameuvunja. Ndani, jogoo mwekundu alikuwa amelala ubavu, na kuchi amesimama juu yake, mdomo una damu, akiendelea kumdonoa kichwani taratibu. Urbanus alimkamata akamtoa. Kisha aliinama.

Jogoo mwekundu hakuwa na kucha zilizovunjika. Hakukuwa na unyoya hata mmoja wa Mkaguzi sakafuni. Hakuwa amepigana. Shingo yake ilikuwa imepinda kuelekea mgongoni, mkundu umechafuka kwa choo cha kijani, na mbawa zilikuwa zimelegea kwa namna ambayo hakuna mdomo wa kuku unaweza kufanya. Alikuwa akifa kabla ya kuguswa.

Urbanus alimpigia binti yake simu akiwa bado amepiga magoti.

"Emmah. Kuku za hapo kwenu."

"Za mwenye nyumba zilikufa," Emmah alisema. "Wiki ile yote. Zilikuwa kama ishirini."

"Nilikuuliza."

"Uliniuliza mama mkwe akiwa amesimama hapo, baba. Ningesema aje? Kwamba zawadi yake ni uchafu? Baada ya yale mayai?"

Aliikata simu bila kumlaumu. Hakuona pa kuanzia.

Kinuthia alifika saa nne, akavaa mifuko ya plastiki miguuni, akamtazama yule jogoo bila kumgusa sana. Alichukua sampuli. Alisema dalili zinalingana na kideri na kwamba majibu yatachukua siku kadhaa, lakini hangemshauri mtu angoje majibu. Kuchanja sasa ni kuchelewa. Jogoo alikuwa amerudishwa katikati ya mitetea kabla ya mtu yeyote kufikiri. Waithira ndiye aliyemwachilia ndani.

"Kuna mayai?" Kinuthia akauliza.

Yalikuwepo sita, yaliyookotwa tangu Jumapili hadi Jumatano, ndani ya bakuli jikoni. Yalikuwa yanangoja kuchemshwa.

"Hayo yalitagwa kabla. Pangusa kwa dawa, yaende mbali na hapa, yaende leo. Siyo kwangu, mimi nazunguka kwa wagonjwa. Siyo Gatongora."

Naliaka ndiye aliyesema, polepole, bila utani wowote sasa.

"Nina mtetea ameanza kukaa juu ya kiota. Hana mayai chini yake." Kisha akaongeza, "Kama utaniamini, baba Emmah."

Urbanus alitazama mayai. Alikuwa amekaa na jina hilo miaka thelathini na mitano bila kulitoa nje ya geti. Kimilili hakujua mtu hata mmoja, hangeona vifaranga wakikua, hangejua wamechanganywa na nani. Alipangusa yai moja moja kwa kitambaa, akayapanga ndani ya katoni mpya kwa maranda ya mbao. Kisha akachukua kalamu ili aandike jina juu ya katoni, akasita, akaiweka kalamu mezani.

"Usiyatikise," alisema.

Naliaka alifua nguo zake zote, akasugua viatu kwa dawa ya Kinuthia, akaondoka siku hiyo hiyo, siku moja kabla ya aliyopanga. Jumamosi tarehe 3 Agosti alipiga simu kusema mtetea amekubali mayai.

Jumanne Mkaguzi hakuzunguka banda. Alisimama mahali pamoja, macho yamefumba nusu, akifungua mdomo kuvuta pumzi. Alhamisi miguu ilimkataa, lakini shingo aliiweka juu mpaka ilipoanza kupinda. Alikufa kabla ya adhuhuri. Matembe watatu walimfuata kwa siku mbili. Kufikia Jumatatu tarehe 12 Agosti walibaki mitetea wawili, na mmoja wao alikuwa akizungukazunguka kama aliyepoteza kitu sakafuni. Urbanus aliwachoma waliokufa kwenye shimo nyuma ya nyumba na kuwafunika kwa chokaa. Upepo ulipovuma kuelekea kwa Njau, Waithira alifunga madirisha, ingawa moshi haukuwa ukija kwao.

Majibu ya sampuli yalikuja alasiri hiyo. Ilikuwa kideri.

Saa kumi na moja, Naliaka alipiga simu. Urbanus aliipokea akiwa amesimama uwanjani. Alimuuliza habari za mtetea aliyeatamia. Alikuwa salama, alikula vizuri, hajavunja hata yai moja.

"Kuna mwingine lakini," Naliaka alisema. "Yule mweupe. Leo asubuhi hakutoka kula."

"Anapumua vipi?"

"Mdomo wazi."

Urbanus alimwambia amtoe mtetea na mayai yake, awaweke nyumbani kwa mtu asiyefuga kuku, na asiwashike kwa mikono iliyomshika yule mweupe. Kinuthia amempa Urbanus namba ya daktari wa mifugo wa Kimilili. Daktari huyo atafika kwa Naliaka kesho saa tatu asubuhi. Mayai yamebakiza siku kumi na mbili yaanguliwe.