Gilasi ya Bibi Kwenye Televisheni

Juzi mwanangu alinifungulia filamu ya enzi za sultani, nikamwona mwigizaji aliyekuwa jirani yetu Mji Mkongwe, sasa bi kizee, bado amevalishwa marinda ya mabibi wa zamani. Maisha yake yote amewaigiza wao tu. Wewe pengine ungefurahi, msomaji. Mimi nilimkazia macho.

Nililelewa na bibi, mama yake baba. Kabla ya Mapinduzi alikuwa na shamba la mikarafuu. Baadaye alibaki na mimi, chumba kimoja na hofu. Kila alasiri nilimpulizia makaa ya chetezo, akatia ubani, akafunika gilasi juu ya moshi, kisha akamimina maji ya mtungi. Tukiwa wawili, mlango tumeukomea, kwanza aliinusa ile gilasi, akaiweka shavuni na kufumba macho. Mbele ya wageni hakuthubutu, maana yalikuwa mambo ya enzi za sultani.

Televisheni ilipokuja, jirani akaanza kucheza michezo ya siasa. Gari la serikali lilikuwa likija kumchukua mpaka kichochoroni, na mtaa mzima ukaanza kunong'ona kuwa anawapelekea habari. Siku moja akabisha hodi kwetu.

"Shikamoo, Bi Mkubwa."

"Marahaba, mwanangu."

"Nnamwigiza bibi wa shamba. Nnaomba unioneshe walivyokuwa wakikaa."

Bibi alinitupia jicho. Aliyedhaniwa kuutamani usultani aliweza kuchukuliwa asionekane tena.

"Mie hayo nshayasahau," akasema, akampa maji kwenye kopo la bati, bila ubani. Jirani akanywa, akatazama kila pembe ya chumba, akaaga.

Mchezo tuliutazama uwanjani, kwenye televisheni ya watu wote. Jirani, akiwa bibi wa shamba, alimtukana mtumishi wake, akafukiza gilasi, akainusa, akaiweka shavuni na kufumba macho. Watu wakacheka mpaka wakashikana mabega. Bibi yangu alinibana mkono hadi ukauma.

"Twende nyumbani."

Usiku ule alikitia chetezo sandukuni, akaziba kwa matambara ufa wa dirisha letu, ule unaotazamana na dirisha la jirani. Tangu hapo mpaka anakufa tulikunywa maji matupu. Hatukujua kama jirani alichungulia kwa ajili ya mchezo wake au ya watu wa lile gari. Mpaka leo sijui.

Juzi, katika ile filamu, jirani alirudia yaleyale, gilasi shavuni, macho kayafumba. Nilimchukia kwa moyo wote. Kisha nikamwambia mwanangu airudishe nyuma nitazame tena, maana hakuna pengine ninapoweza kumwona bibi yangu.