Shina la Dalia Alilotuachia Mama

Nakumbuka asubuhi moja mwishoni mwa kiangazi, kule Kaengesa: nimesimama nyuma ya nyumba na kisu mkononi, mwanangu. Chini lilikuwa shina la dalia tulilolichimbua, pamoja na viazi vyake vya mizizini. Mama alikuwa amefariki mwaka ule, na maua yale mekundu, aliyozoea kuyapeleka altareni kila Jumapili, ndiyo aliyotuachia. Hatukuwa na shina jingine.

Dada yangu Eufrasia, aliyekuwa anakwenda kuolewa Mwimbi, aliomba nusu. Nami niliogopa. Nikasema tusubiri mwakani, kwani akiba haiozi.

"Akiba isiyooza ni ulezi uliomo kihengeni," shangazi yetu akajibu. "Hili linajisonga lenyewe. Hukuona lilivyotoa maua madogo safari hii? Kata, baba."

"Na likifa, shangazi?"

"Tutalia. Kwani kulia hujui?"

"Mwache, shangazi," Eufrasia akadakia. "Mwenzetu amelioa hilo."

Nikaweka kisu katikati ya kiazi, kama tukatavyo mbegu za viazi mviringo. Shangazi akanishika mkono.

"Si hapo! Kiazi mviringo kina macho mwili mzima. Dalia jicho lake liko shingoni tu, kiazi kinaposhikana na bua. Kipande kisicho na shingo unawapandia mchwa."

Nikakata pale aliponionyesha. Haraka haraka haina baraka; lakini, mwanangu, hata kusitasita kuna hasara yake.

Dada akaondoka na nusu yake ndani ya khanga. Yangu niliipanda kwenye tuta la majani yaliyofukiwa, yale matuta ya mviringo ya kwetu Ufipa, nikiamini kwamba penye rutuba nyingi ndipo penye usalama. Mvua zikaja, zikakaa. Kila kulipokucha nilikwenda kutazama, moyo juujuu. Majirani walipalilia mahindi. Mimi niliutazama udongo mtupu. Nilipofukua, viazi vilikuwa vimeoza, laini kama uji.

Siku ile sikula. Nilimwambia shangazi kwamba kumbukumbu ya mama imezimika mikononi mwangu.

"Kama ungelizuia lote," akasema taratibu, "lote lingekuwa uji. Nenda kamwone dada yako."

Njia nzima ya Mwimbi nilijiuliza nitasema nini ikiwa na kule hakuna kitu. Eufrasia alinipokea mlangoni, akanizungusha nyuma ya nyumba. Kwenye mteremko, maji yasikotuama, dalia ya mama ilikuwa imechanua, nyekundu ileile. Nililia mbele ya shemeji zangu.

"Kiangazi tutalikata," dada akasema. "Utachukua lako."

Basi, mwanangu, unachokipenda usikifungie mkononi mwako peke yako, hata kama hofu inakushauri hivyo. Kigawe kingali hai, na ukigawe pamoja na jicho lake, kwa mtu atakayekitunza. Siku yako ikiharibika, utajua pa kwenda kuomba. Mwenyezi Mungu akujalie ndugu wa kukutunzia kilicho chako, nawe akufanye mtunzaji mwaminifu wa kilicho chao.