Babu yangu alivyoukana uzee mbele ya maafisa wa pensheni, Lushoto

Wakuu, heshima kwenu. Hii siyo chai, ni kweli tupu, ingawa huku kwetu milimani chai ni nyingi.

Babu mzaa mama anaishi Magamba. Kalima kabeji na viazi maisha yake yote, hajawahi kuajiriwa popote, na goti limemchoka.

Basi tuliposikia maafisa wanakuja kuandikisha wazee, kwamba unaandaliwa mpango wa pensheni na matibabu hata kwa wasio na mafao, ukoo mzima tulifurahi. Nikapewa kazi ya kumpeleka.

Asubuhi namkuta kapaka piko. Nywele, ndevu, mpaka nyusi. Mweusi tii!

"Shikamoo babu. Tunaenda kuandikisha uzee, siyo harusini."

"Marahaba. Twende."

Kufika ofisi ya kijiji ndipo nikaelewa. Nyuma yetu kwenye foleni alikuwepo Bi Zaina, mjane anayeuza matunda sokoni. Kumbe babu anamchumbia, na kamwambia yeye bado mtu wa makamo!

Afisa, dada mmoja mpole, akamtazama.

"Baba, hapa ni wazee tu. Kitambulisho unacho?"

"Nimekisahau." (Kilikuwa mfukoni, wakuu. Nilikiona.)

"Umezaliwa mwaka gani?"

Babu akainama, akanong'ona.

"Sijasikia baba, ongeza sauti!"

Goti upande huu, mapenzi upande ule.

Babu akanyooka. "Mimi bado. Nimemsindikiza mjukuu wangu."

Yaani MIMI! Sijafika hata thelathini! Foleni nzima ikaangua kicheko.

Akaenda kukaa kwenye benchi, anasugua goti kwa kificho. Hapo nilimwonea huruma kweli.

Zamu ya Bi Zaina ikafika. Yule dada akasoma mwaka wake wa kuzaliwa kwa sauti.

Babu akaruka. "Eh! Kumbe wewe ni dada yangu?"

Bi Zaina hata hakugeuka. "Mimi naanza madrasa, wewe unalia mgongoni kwa mama yako. Nakujua tangu zamani. Njoo uandikishwe, sitaki mume asiyetibiwa."

Wakuu, babu alirudi pale mbio, goti na yote. Kitambulisho kikapatikana ghafla. Wakaandikishwa pamoja.

Pensheni yenyewe bado tunaisubiri. Ndoa imeshafungwa.

Nilichojifunza: ukitaka kumpeleka mzee wako kuandikishwa, muulize kwanza kama ana mchumba kwenye foleni.

Kwenu huko wazee wanakubali kuitwa wazee? Tiririkeni, ila msimtukane babu, ni bwana harusi.