Chuma Kilichonyooshwa Bila Moto

Harufu ya mkaa uliolowa hunirudisha Bombo, kijijini kwetu milimani, kila mara. Baba alikuwa mhunzi, na kibanda chake cha kufulia chuma kilikuwa nyuma ya migomba yetu. Sikuwahi kukiona kikiwa baridi kabla ya wiki ile ya matanga ya bibi, mama yake baba, mvua ilipoingia mpaka ndani ya tanuri. Ukoo wetu ulikuwa na mwiko: mhunzi akifiwa na mzazi, moto wake hauwashwi mpaka matanga yaanuliwe. Baba alikuwa mzee wa kanisa, na mwiko aliutii vilevile. Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, walisema wakubwa, nasi watoto tuliamini.

Siku ya nne alikuja dereva wa pikapu iliyokuwa ikishusha tangawizi na abiria hadi Kisiwani, mji wa chini tambarare. Alikuwa amebeba tairodi, kile chuma kinachoyaunganisha magurudumu ya mbele ili yageuke pamoja. Ilikuwa imegonga jiwe ikapinda.

"Pole na msiba, fundi. Ninyooshee hii tu nifike chini, huko nitatafuta nyingine."

"Moto siwezi kuwasha," baba alimjibu. "Lakini nyundo haikukatazwa."

Nilikuwa na miaka kumi. Niliishika ncha moja juu ya fuawe, baba akapiga. Ilipitiliza ikapinda upande wa pili, akairudisha, ikapitiliza tena. Kila mara alilazimika kupiga kwa nguvu zaidi. Iliponyooka aliigonga, ikalia vizuri, akatabasamu kwa mara ya kwanza tangu bibi afariki. "Imekuwa ngumu kuliko mwanzo," alimwambia dereva, na alisema kweli.

Kesho yake asubuhi mama alipanda pikapu ile na gunia la maharage kwenda gulioni, maana waombolezaji walikuwa wamemaliza chumvi na sukari. Kwenye mteremko tairodi ilikatika palepale ilipokuwa imepinda. Usukani ukazunguka bure, gari likaingia korongoni. Wengine walivunjika mikono na miguu. Mama alifariki hapohapo. Jamvi la matanga ya bibi halikukunjwa. Tulilikalia tena, safari hii kwa ajili ya mama. Tangu siku ile baba hajawasha tena tanuri.

Miaka na miaka alilitafuta kosa lake. Alijiuliza kama aliikosea mizimu au alimkosea Mungu, ilhali mwiko aliushika. Nyundo hakuishuku kamwe. Mimi nilikuwa na hasira, na hasira hiyo ndiyo iliyonifikisha kwenye chuo cha ufundi hapa Same, ninapofundisha habari za metali. Ndani ya chuma, chembe zimejipanga safu kwa safu, na mpangilio huo una kasoro. Chuma kikipigwa, safu haitelezi yote kwa mara moja. Kasoro ndiyo inayosogea, kama unavyosogeza jamvi zito kwa kulisukuma kunjo lake toka upande huu hadi ule. Ukizidi kukipiga kikiwa baridi, kasoro huzaana, hubanana, huzuiliana njia. Hapo chuma huwa kigumu kweli, lakini hakina tena nafasi ya kupinda, na kikitikiswa sana hupasuka. Moto ungekilegeza. Na sisi watoto wa Bombo tulikata waya wa magari yetu ya kuchezea kwa kuupinda na kuupindua mpaka ukatike. Niliishika ncha ya tairodi ile, nikaona ikifanywa vilevile, nikanyamaza. Hilo linaniuma mpaka leo.

Krismasi iliyopita nilipanda kumwona baba. Amezeeka. "Wewe umesomea vyuma," aliniambia. "Nilikosea wapi?"

"Chuma kilikuwa kibovu, baba. Kilitoka kiwandani hivyo."

Aliitikia kwa kichwa, akaomba chai.

Tanuri la umeme la chuoni kwetu hulegeza chuma bila kumwomba mtu ruhusa. Kipande cha tairodi nilichokiokota korongoni nakipitisha darasani kila mwaka, wanafunzi wakiguse pale kilipokatika. Kila mwaka hakosi mmoja wa kuuliza, huku wenzake wakicheka, ni fundi gani mjinga aliyekinyoosha bila moto. Huwa nawajibu kwamba simjui.