Jina Chini ya Bawa

Kwa miaka kumi na tisa, kila chombo cha fedha alichokitia nakshi Mahlagha kiliuzwa Isfahan kwa jina la mwanamume ambaye hakuwahi kushika tindo. Haji Fathollah, mwenye duka, alimwamuru achonge kitakoni "Kazi ya Fathollah", na wateja wakamwita ustadi. Ndiyo haki ya soko letu: mwenye kazi hukaa chumba cha nyuma ameze moshi, mwenye mdomo hukaa mbele apokee sifa!

Alipomaliza mrashi, chupa ya fedha ya kunyunyizia marashi, wa arusi ya binti wa Bwana Rastegar, Mahlagha alipaacha kitakoni patupu. Jina lake mwenyewe akalichonga ubavuni, chini ya bawa la ndege. Kisha akaupasha mrashi moto, akamwaga lami yote aliyokuwa ameijaza ndani yake wakati wa kuchonga, akaupeleka mbele ukimeremeta.

Haji aliliona jina kabla Bwana Rastegar, aliyekuja kuuchukua, hajamaliza chai.

"Nini hiki, dada? Umelewa moshi wa lami?"

"Jina langu, Haji."

"Nani anakujua wewe? Watu wananunua Fathollah!"

"Basi mwambie Fathollah achonge."

Bwana Rastegar akacheka. "Lifute tu, ustadi. Kwako si kazi."

Haji akakwama. Akainyakua nyundo. Mahlagha angeweza kumzuia, lakini akamwacha. Mwanagenzi wa siku ya kwanza hujua kwamba chombo kitupu hakigongwi. Pasipo lami ndani, fedha haina pa kuegemea. Haji akapiga. Ubavu ukabonyea.

"Haji we!" akaita mfua shaba wa duka la pili. "Mrashi huo, au unavunja lozi?"

Bwana Rastegar aliweka kikombe chini, akamgeukia Mahlagha. "Kumbe fundi ni wewe, bibi. Mrashi utanyooka?"

"Utanyooka. Nipe siku tatu. Ila jina langu libaki, na la Haji silichongi tena, hapa wala pengine."

"Libaki."

"Si mbaya," Haji akadakia, jasho likimtoka. "Huyu nimemfundisha mimi mwenyewe, kwa mikono yangu hii."

Mahlagha akauokota mrashi, akamsukumia Haji kifuani.

"Vizuri, mwalimu. Twende nyuma ukaunyooshe, mimi nitazame."

Haji hakuinuka kwenye kiti chake cha mbele.