Kiti Alichokikataa Kabemba

Katika miaka ile mishahara ya serikali ilikuwa imegeuka hadithi, na mgodi uliolisha Kolwezi nzima ulikuwa ukikohoa kama mzee. Kazini kilichobaki cha kutamaniwa kilikuwa cheo. Fedha haikuja, lakini mtu akiitwa "shefu" mbele za watu, alilala na njaa yake kichwa juu.

Polycarpe Kabemba, mtumishi wa idara ya usafi wa mji, alikuwa amebakiza ngazi moja tu aitwe shefu. Mkubwa wake Ntambwe, Mkasai aliyezaliwa papo hapo Kolwezi, alikuwa amefukuzwa Katanga pamoja na Wakasai wengine, kwa kuitwa wageni waliotoka mkoa wa Kasai, wakalala stesheni majuma kwa majuma wakingoja treni. Kiti chake kilibaki wazi. Aliyefuata kwa miaka ya kazi alikuwa Kabemba, mtu wa kaskazini mwa Katanga.

Ila Kabemba alikuwa na kesi ya nidhamu. Ofisi ilikataza dawa ya serikali isipelekwe stesheni. Kipindupindu kilipoanza kuokota watoto kule, pipa la klorini, dawa ya kusafisha maji, lilitoka ghalani bila ruhusa. Na kanuni ilijulikana na kila mtumishi: mwenye kesi hapandi cheo mpaka kesi ifungwe; na akitiwa hatiani, wadogo zake kazini wanampita.

Asubuhi ya kuitwa mbele ya kamati, mkewe Fidélie alimtandikia koti la harusi kitandani. Kabemba akalipita, akavaa shati la kazi, la buluu, lililoliwa na klorini madoa meupe kifua kizima.

"Tata Shekina, unaenda na ile shati? Si ni kujifunga mwenyewe!" akasema, akimwita baba kwa jina la mtoto wao.

"Koti haikufanya kazi, mama. Ibaki ilale."

Mwenyekiti wa kamati, Mukuna, alimpenda. Aliinama mezani, akashusha sauti.

"Tata Kabemba, sikia muzuri. Ntambwe alikuwa na ufunguo. Sasa eko Kasai, harudi tena. Sema ni yeye alitoa pipa. Tunafunga dosie, kesho unakaa mu kiti yake."

Kabemba akayatazama madoa ya shati lake. Katika kazi yao pipa la klorini halifunguliwi na mtu mmoja. Mmoja hukoroga, mwenzake husimama na kitambaa cha maji, amfute macho mvuke ukimpanda. Siku ile Ntambwe alikuwa amekwisha kufukuzwa, ufunguo amekwisha kuurudisha. Hata hivyo aliacha mizigo yake chini pale stesheni, akaja kumshikia kitambaa. Mkono uliokufuta macho, utausingizia wizi kwa kinywa gani?

"Mi njo nilitoa pipa," akasema. "Mi njo nilitia dawa mu maji ya bale batu."

"Ulikuwa na ruhusa?"

"Hapana. Nilikuwa na pipa, na batoto balikuwa banakufa."

"Unajua kiti inaenda kwa Henri, mudogo wako wa kazi?"

"Henri ni mutu muzuri. Mumupatie."

Mukuna akapumua kwa nguvu. "Basi tutakata mushahara yako."

"Mushahara gani, tata? Mukiiona, mutuite na siye tuje kuiona, kisha mukate!"

Kamati nzima ikacheka, hata mwenyekiti. Lakini kicheko hakifuti hukumu. Henri, aliyefundishwa kazi na Kabemba mwenyewe, alikalia kile kiti. Kila mwaka wa kupandisha watu, kesi ile ilifufuliwa, na jina la Kabemba likarudishwa chini. Vyeo vilimpita kama treni zisizosimama. Yeye aliendelea kuamka mapema, kupiga viatu rangi, kwenda kazini akiwasalimia wote, Henri wa kwanza.

Fidélie alinuna msimu mzima. Kisha siku moja, sokoni, jirani yao Ernestine, ambaye mumewe alikuwa amepandishwa cheo, alimrushia neno mbele ya wanawake wengine:

"Mama Shekina, bwana yako angali tu pale pale chini? Hata batoto ba juzi bamemupita?"

Fidélie akaweka kikapu chini, akanyoosha shingo.

"Angali pale pale," akajibu kwa sauti ya kusikika hadi mwisho wa soko. "Na aliyemuweka pale ni yeye mwenyewe. Bwana yako, nani alimupandisha?"