Wajomba wa Owiti

Viwanda vya minofu ya samaki vilipofunguliwa kando ya ziwa, Owiti alikuwa ameshona nyavu za watu mtaani Pasiansi kwa miaka ishirini na mitatu, na macho yalianza kumgomea kwenye uzi. Kiwanda kimoja kilitaka mlinzi. Sharti lilikuwa barua ya mjumbe wa nyumba kumi kwamba mwombaji ni Mtanzania. Mjumbe wao alikuwa Shimba, Msukuma aliyecheza naye bao kila jioni.

"Njoo Jumatatu nikuandikie," Shimba alimwambia. "Nani asiyekujua wewe, Mjaluo wa Shirati?"

Jumamosi Tanzania ilicheza na Kenya. Redio ya Dar ilikoroma tu; iliyosikika ni ya Kisumu, nayo ilitangaza kwa Kijaluo. Wanaume kama kumi wakajaa uani kwa Owiti ili awatafsirie.

"Baba Akeyo, tukifungwa tuambie polepole!" Shimba alimtania Owiti, wakacheka.

Dakika za mwisho Kenya wakafunga. Mtangazaji hakuishia kwenye jina la mfungaji. Alimpamba kwa majigambo, kama ilivyo desturi ya Wajaluo, akamwita mjukuu wa ukoo fulani wa ng'ambo ya mpaka. Ndio ukoo uliomzaa mama yake Owiti. Naye alilelewa akijua kwamba wajomba wakisifiwa, mpwa hakai kitako. Kabla hajafikiri, alikuwa amesimama, mkono juu.

"Hao ni wajomba zangu!"

Wote wakamgeukia.

"Kumbe," alisema Shimba.

"Mjumbe, hata mimi nimefungwa. Hayo ni majigambo tu, lazima mtu aitikie."

"Sisi tunalia, wewe unaitikia."

Wakatoka mmoja mmoja, bila kuaga.

Jumatatu Shimba hakumkaribisha kiti. "Niletee kwanza karatasi ya kuonyesha ulizaliwa huku."

"Shimba, si unanijua?"

"Nilidhani hivyo."

Owiti alisafiri hadi Shirati. Kwa siku nne karani wa misheni alifunua madaftari yaliyoliwa na mchwa, ndipo akaliona jina lake. Aliporudi na cheti cha ubatizo, Shimba alikisoma mara mbili, akaandika barua, akagonga muhuri bila kuinua uso.

Kiwandani nafasi ilikuwa imeshajazwa tangu juzi. Karani wa pale akamwambia aache barua, huenda siku moja akahitajika. Owiti aliomba arudishiwe. Hakujua kesho angeulizwa tena wapi, wala na nani.